Kikao cha Shuka

Mtaani walimwita Jicho, na mke wake wakamwita Mkasi, na hakuna kati yao aliyekasirika. Mume alishika kamera, mke alikata picha na kuziunganisha, na katika maisha yao yote ya ndoa hawakugombania kazi hata siku moja. Waligombania dirisha tu. Mume alipenda lifunguliwe mwanga uingie, mke alitaka lifungwe aione vizuri mashine yake. Filamu walizotengeneza zilikuwa za hali halisi. Hakuna mtu aliyeigiza humo. Kama analia, analia kweli.

"Filamu zenu hazina ngumi wala mapenzi," muuza vipuri wa nyumba ya pili alimwambia Jicho siku moja. "Mtu anakaa kwenye kiti, anasema shida zake. Hayo si nayasikia bure kwa mke wangu?"

"Kwa mkeo unasikia," Jicho akamjibu, "lakini husikilizi."

Muuza vipuri alicheka mpaka akashika nguzo. Mkewe, aliyekuwa upande wa pili wa ukuta, hakucheka.

Jicho alianza kazi akiwa kijana, katika kitengo cha filamu cha serikali. Kwanza alibeba miguu ya kamera, kisha akaaminiwa kamera yenyewe. Mwaka wake wa tatu akatumwa kijiji cha mbali kupiga picha za mkunga mmoja aliyekuwa akistaafu. Wanakijiji walimpigia mkunga yule makofi mpaka viganja vikawa vyekundu, maana nusu yao walipokelewa duniani na mikono yake. Jicho alirudi mjini na furaha. Mvua za mwaka huo hazijaisha, akiwa amekaa katika ukumbi wa sinema, akaviona viganja vile vile kwenye pazia. Vilikuwa vikimpigia makofi waziri, ambaye alikuwa akitangaza kwamba kijiji hicho kitahamishwa. Makofi yalikuwa ya mkunga, na waziri aliyavaa kama koti la kuazima.

Kesho yake aliacha kazi. Hakuondoka na kitu, ila sharti moja ambalo alijiwekea njiani akirudi nyumbani, na akalishika mpaka mvi zilipomjaa kichwani.

Sharti lilikuwa hili. Hakuna mtu atakayeonekana na watu wengine kabla hajajiona mwenyewe. Filamu ikikamilika, Jicho na Mkasi waliipeleka kule kule ilikopigwa. Walitundika shuka jeupe la kitanda chao, lenye kiraka cha pembeni, na wenye nyuso wakakaa wakajitazama. Ikiisha, kila mmoja aliulizwa peke yake: "Unabaki au unatoka?" Anayesema natoka, Mkasi alimkata papo hapo, mbele ya macho yake, na kipande chake akakabidhiwa mkononi. Zamani kilikuwa mkanda ndani ya kikopo. Siku hizi ni kadi ndogo kama ukucha wa kidole gumba. Nakala haikubaki. Wenzake wa kazi walimwambia ni wazimu, aweke nakala, dunia hii haiaminiki.

"Nikiweka nakala nitakuwa nimemdanganya," alisema. "Na nikimdanganya huyu, yule wa pili atanifungulia mlango kwa nini?"

Na kweli milango ilifunguka. Wafanyakazi wa reli waliogopa hata vivuli vyao, lakini kwa Jicho walisema. Wanawake waliofukuzwa na bwawa la umeme walisema. Filamu hizo zilipigwa marufuku zote. Yeye mwenyewe alifungwa, akatolewa, akanyang'anywa kamera, akanunua nyingine, nayo ikanyang'anywa. Tuzo alizopewa ng'ambo zilimfikia kwa posta, kwa sababu hakuruhusiwa kusafiri, na sasa zilikuwa juu ya kabati zikishikilia pazia lisipeperuke. Reli iliuzwa vile vile. Bwawa likajaa vile vile.

"Mdogo wangu," dada yake alipenda kumtania, "filamu zako hazijamnyamazisha hata mbwa."

"Lakini hakuna aliyesema nimemtapeli, dada."

"Hilo kweli. Njaa unayo, lakini jina unalo."

Na waliowahi kutoka katika filamu walikuwa wa kuhesabu kwa vidole. Mmoja alikuwa bwana harusi aliyejikuta anachokonoa pua wakati wengine wanahutubia.

Sasa Jicho alikuwa mzee, magoti yakilia kama bawaba kavu, na alikuwa akitengeneza filamu aliyojua ni ya mwisho. Ilihusu kiwanda cha bondeni, kule anakoishi dada yake. Malori yalileta betri chakavu za magari, vijana wakazipasua kwa mashoka, na madini ya risasi yaliyokuwa ndani yakayeyushwa katika tanuru. Moshi wake ulishuka badala ya kupanda. Uliacha ladha tamu ulimini, kama mtu aliyelamba sarafu. Nguo nyeupe hazikuanikwa nje. Kuku walizunguka mahali pamoja mpaka wakaanguka. Watoto walichelewa kutembea, na waliotembea walichelewa kusema.

Shemeji yake Jicho, mume wa dada, alikuwa mlisha tanuru. Mwisho wake viganja vilimlegea vikaning'inia kama glavu zisizo na mtu ndani, na baada ya viganja ukafuata mwili wote, akazikwa. Aliacha mke, mtoto mmoja wa kiume aliyekuwa sasa na mke wake mwenyewe, na mjukuu aliyekwisha ota meno ya pili bila kujua kutaja jina lake.

Leseni ya tanuru ilikuwa inakwisha. Baraza la mazingira lilipanga kukaa, kusikiliza pande zote na kuamua kama liitie muhuri tena au tanuru lizimwe. Jicho aliomba kuonyesha filamu yake mbele ya baraza, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake mtu wa serikali akamjibu: njoo nayo. Mkasi aliisoma barua ile kwa sauti, akaikunja, akasema, "Baba, safari hii huenda mbwa akanyamaza."

Kiangazi chote walikuwa bondeni. Alisema fundi cherehani, ambaye mimba zake zilikuwa hazikai. Alisema mwalimu mstaafu, aliyeona darasa moja baada ya jingine likizidi kusahau. Alisema kuli wa betri mwenye mikono ya kutetemeka, akifanya mzaha kwamba yeye chai hahitaji kukoroga. Lakini moyo wa filamu ulikuwa dada. Alikaa kwenye kiti cha mbao mlangoni pake, akatazama kamera kama anavyomtazama mtu aliyekuja kuazima chumvi, akasema:

"Mume wangu akirudi, viatu namvua mimi, maana vidole vyake kamba vilikuwa havifungui tena. Nikavikung'uta pale kizingitini. Kila jioni. Vumbi likabaki pale. Na mtoto alikuwa anajifunza kutambaa, na pa kutambaa ni pale pale kizingitini, kuna ubaridi. Watu wanasema kiwanda kimemlisha mtoto sumu. Kiwanda kilileta mpaka mlangoni. Aliyemlisha ni mimi."

Mkasi alipokuwa akihariri kipande hicho hakukikata popote. Alikiacha kama kilivyo, na dirisha akalifungua mwenyewe.

Kisha afisa uhusiano wa kiwanda akaanza kupita mtaani. Alikuwa kijana msafi, mwenye heshima, anayeamkia kila mzee, na kwa kuwa hakuwahi kuonekana amefunga mdomo watu walimwita Meno. Alibeba mchoro wa nyumba mpya zitakazojengwa mlimani, mbali na moshi. Aliwapandisha watu wakaziona: vigingi vilivyochomwa ardhini na kamba zilizovutwa kuonyesha chumba hiki, chumba kile, huku jikoni. Wanawake waliingia ndani ya kamba na kusimama katika vyumba visivyo na kuta, wakapanga kitanda kitakaa wapi.

"Zitaanza kupewa familia zisizo na lalamiko," Meno alisema. "Mwenye lalamiko hatumkatazi, mama zangu. Ila kesi yake itachukua muda."

Jicho hakuyajua hayo. Aliyajua siku ya kikao cha shuka.

Walikutana mchana, chumbani kwa dada, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Shuka lilitundikwa kwa misumari, kiraka kikiwa juu. Watu walijaa mpaka wengine wakakaa juu ya kitanda. Filamu ilipoanza walichangamka kama kawaida ya mtu kujiona.

"Mwalimu, kumbe una upara mkubwa hivyo."

"Ni kamera. Inapanua vitu."

"Basi fundi cherehani ameonewa sana na kamera."

Walicheka. Kisha dada akatokea kwenye shuka na kiti chake cha mbao, na chumba kikatulia. Aliposema "aliyemlisha ni mimi", mtoto mwenyewe alikuwa mapajani mwa mama yake, akichezea ncha ya blanketi, akitoa sauti yake moja ile ile.

Ikaisha. Jicho alikaa barazani kama desturi, Mkasi pembeni yake na mashine yake, wakaita mmoja mmoja.

Fundi cherehani alikuwa wa kwanza. Alitazama chini. "Natoka, baba."

"Kuna mahali nimekukosea?"

"Hujakosea. Umenipiga picha nzuri." Akageukia mlimani. "Nimesimama kwenye chumba kule juu. Kina dirisha upande wa upepo."

Ndipo Jicho alipojua habari ya nyumba. Mkasi akakata, akafuta, akamkabidhi kadi. Mwalimu akatoka. Kuli akatoka, akijaribu kutania kwamba mikono yake itasimama yenyewe akifika mlimani, lakini mzaha ukafia njiani. Kila aliyekuja alikuwa na sababu, na sababu zote zilikuwa moja. Jicho alikuwa akiitikia kwa kichwa tu. Kwa nini amlaumu mtu anayemtoa mwanawe motoni?

Alibaki dada. Nyuma yake alisimama mwanawe.

"Mjomba," kijana alisema kabla mama hajakaa, "usimlazimishe."

"Nimewahi kumlazimisha nani, mpwa wangu?"

"Basi tu, nasema."

Dada alikaa, akavuta nguo magotini. "Nimemwona yule mama," alisema. "Anasema kweli tupu. Hata mimi amenitoa machozi."

"Ndiyo, dada."

"Mtoe."

Jicho alitazama mkono wake wa kulia, ule wa kushikia kamera, kama vile jibu lilikuwa huko. "Dada, wengine wote wametoka. Ukitoka na wewe, sina filamu. Baraza litaona moshi tu."

"Najua. Sijawa mjinga." Alimnyooshea kidevu mjukuu aliyekuwa kizingitini. "Huyu akilala usiku mmoja bila moshi, mimi nimefaidi. Wewe uliniambia uso ni wangu. Uliniambia au hukuniambia?"

"Nilikuambia."

"Basi."

Mkasi alimshika mumewe mkono, akamvuta hadi nyuma ya nyumba, kwenye mapipa ya maji. Katika miaka yao yote hakuwahi kufanya hivyo.

"Tuseme tumefuta," alinong'ona. "Nimpe kadi tupu. Nani atajua?"

"Mimi na wewe."

"Sisi ni wawili. Bonde lina watu wangapi? Baba, hizo nyumba ni kamba na vigingi. Wewe umeona matofali?"

"Sijaona."

"Mchelea mwana kulia hulia yeye."

"Yule si mwana. Ni dada yangu, amenibeba mgongoni. Nikimwambia nimefuta wakati sijafuta, nina tofauti gani na wale walioniibia makofi?"

"Tofauti ni kwamba wale walisema uongo, na hapa hatusemi uongo. Maneno ni yake."

"Yalikuwa yake. Ameyataka yarudi."

Mkasi alimtazama kwa muda, jinsi anavyotazama kipande kizuri kisichopata nafasi. Kisha alirudi barazani, akafuta, akamkabidhi wifi yake kadi kwa mikono miwili.

Siku ya baraza, Jicho alivaa koti lake la kufungiwa jela, kama alivyoliita, akaonyesha kilichobaki. Yalikuwepo malori. Ulikuwepo moshi. Kamba za nguo zisizo na nguo, kuku anayezunguka, kiti cha mbao mlangoni hakuna aliyekikalia. Mwenyekiti wa baraza alitazama mpaka mwisho kwa adabu, akavua miwani.

"Mzee, tumeona moshi. Lakini moshi hausemi. Aliyeumia yuko wapi?"

Jicho alifungua mdomo. Nyuma yake walikaa watu wa bondeni, safu nzima, na hakuna aliyeinua kichwa. Akaufunga.

Meno aliomba nafasi ya kusema neno. Alisema kwa upole kwamba kiwanda kinaheshimu sana utaratibu wa mzee huyu wa kuwaonyesha watu kwanza. "Na sisi tumo humo ndani, waheshimiwa. Tumejiona. Hatuna tatizo. Sisi tunabaki."

Baadhi ya watu walicheka, bila ubaya. Katika filamu ile watu wote walikuwa wameomba watolewe, na kiwanda peke yake kiliomba kibaki. Leseni ikapigwa muhuri kabla ya chakula cha mchana. Mlangoni, Meno alimwamkia Jicho, akamwuliza kama ile picha ya alfajiri, moshi ukiwa na rangi ya waridi, wangeweza kuiomba kwa kalenda ya mwaka mpya.

Mvua zilikuja. Mlimani, mbuzi walikata kamba na watu wakang'oa vigingi wakawashia moto. Hakuna tofali lililoshushwa. Aliyemwuliza Meno alijibiwa kwa tabasamu kwamba mpango uko palepale. Tanuru nalo likaongezewa bomba la pili.

Dada alifika nyumbani kwa Jicho mchana mmoja, amelowa, akakataa kiti. Mkono wake wa kushoto ulikuwa umeanza kuning'inia. Mkasi aliuona, akageukia birika.

"Mrudishe yule mama," dada alisema.

"Yupi?"

"Usinichezee. Mimi. Nirudishe kwenye filamu. Leo hii nataka nionekane hata na vipofu."

"Kadi unayo, dada. Lete tu, Mkasi atairudisha."

Dada alitazama tuzo zilizoshikilia pazia. "Tulimpa Meno," alisema. "Wote. Alisema ndiyo uthibitisho kwamba mtu hana lalamiko. Alikuja na kopo la biskuti, tukatumbukiza moja moja. Na nyinyi mmebaki na nini?"

Jicho alitazama sakafu, mahali maji ya nguo za dada yalipokuwa yakijikusanya. Ndipo alipoelewa kazi aliyokuwa akiifanya maisha yake yote kwa uaminifu. Asingalimkabidhi kila mtu kipande chake mkononi, Meno angalikusanya nini?

"Hatukubaki na kitu," Mkasi alisema, kwa kuwa mumewe hakusema.

"Hata nakala?"

"Hata nakala, wifi."

"Wewe mwanamume," dada alisema, na sauti yake haikupanda, "ulinisikiliza nini? Uliniona nina woga, mwanangu amenisimamia nyuma, ukanisikiliza. Wakati nasema kweli hukunishika. Niliposema mtoe, ukakimbia kunitii."

"Uliniambia uso ni wako."

"Ulikuwa wangu. Na mtoto je, alikuwa wa nani?"

Chai ilimiminwa, ikapoa. Mwishowe dada mwenyewe ndiye aliyesema: si kamera ipo, basi piga tena. Jicho aliinuka. Wakamweka karibu na dirisha, safari hii hakuna aliyebishania mwanga. Mkasi akashika kipaza sauti, mume akainama kwenye kioo cha kamera, akasema, kama alivyosema maelfu ya mara, "Anza unapopenda, dada."

Dada akaanza. "Mume wangu alifanya kazi kiwandani. Akaugua. Alikuwa... mikono yake ilikuwa mibaya." Akasita. "Kisha nilisemaje pale?"

"Sema lolote."

"La, nataka vile vile. Palikuwa pazuri pale. Nilisema nini baada ya mikono?"

Mkasi alimtazama mumewe. "Viatu," alisema polepole.

"Eee, viatu. Nilikuwa namvua viatu. Nikavikung'uta. Wapi vile?"

"Kizingitini," Jicho alisema nyuma ya kamera. Alikuwa anayajua yote kwa moyo, neno kwa neno, pumzi kwa pumzi.

"Kizingitini. Kila jioni. Na mtoto alikuwa anatambaa." Dada alisubiri, macho yamemwelekea kama mwanafunzi anayengoja kusaidiwa na mwalimu. "Halafu?"

Kwenye kioo kidogo cha kamera Jicho alimwona mwanamke mzee, mwenye nguo mbichi, akingoja kuwekewa maneno mdomoni. Maneno yalikuwa yake mwenyewe, lakini yule aliyeyasema hakuwepo tena. Na yule aliyeshika kamera, aliyekuwa karibu kumpa sentensi ya mwisho, Jicho alikuwa anamfahamu. Alimwona zamani katika ukumbi wa sinema, ingawa siku ile hakuonekana kwenye pazia. Alikuwa nyuma yake, mahali panapokatwa na kuunganishwa.

Alibonyeza. Taa nyekundu ikazimika.

"Imetoka?" dada aliuliza.

"Imetoka, dada."

"Nilimalizia vizuri?"

"Ulimalizia."

Huo ulikuwa uongo wa kwanza aliomwambia mtu aliyekaa mbele ya kamera yake. Mkasi aliusikia, akazungusha waya wa kipaza sauti mkononi, taratibu, mzunguko juu ya mzunguko, kama anayefunga mzigo usio na safari. Dada alikunywa chai iliyopoa kwa mkono wa kulia, akaaga, akasema mvua ikikatika atarudi kujiona.

Alipoondoka, Jicho alifungua kabati, akatoa lile shuka la kiraka. Alilishika kitambo, akitafuta ukutani misumari yake ya zamani. Kisha akaenda chumbani, akalitandika kitandani, akalinyoosha pembe zote, akalala juu yake bila kuvua viatu.

Mkewe alikuja akasimama mlangoni. Aliinama, akaanza kumfungua kamba.